Kanisa Katoliki nchini Ghana: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Tukizungumzia Ukatoliki wa Afrika, sisi wa upande huu tunazijua misioni za mwanzo za Bagamoyo, Rubaga na Bukumbi. Ukivuka bara kwenda Afrika Magharibi, wengi tunaishia kwenye jina la Kadinali Turkson. Haya hapa ni majibu kwa anayetaka kujua zaidi. Usitarajie majibu ya urefu sawa, kwa kuwa mengine yana hadithi na mengine ni ya mstari mmoja.

Ukatoliki ulifika Ghana mwaka 1482 au 1880? Vitabu havikubaliani.

Yote mawili ni sahihi, inategemea unauliza nini. Wareno walifika pwani ile mwaka 1471 wakifuata dhahabu. Januari 1482 Diogo de Azambuja alitia nanga mahali panapoitwa Elmina leo, akiwa na mawe yaliyochongwa tayari kutoka Ureno kwa ajili ya kujenga ngome. Misa ilisomwa chini ya mti, bendera ya mfalme wa Ureno ikiwa imefungwa kwenye matawi. Ndiyo Misa ya kwanza inayokumbukwa katika nchi hiyo.

Mtawala wa mahali pale, ambaye Wareno walimwita Caramansa, hakufurahia wageni wanaotaka kujenga. Waandishi wao wenyewe wanasimulia alivyowaambia kwa adabu kwamba marafiki wanaoonana mara mojamoja hupendana kuliko wanaokaa kitongoji kimoja. Hawakumsikiliza. Ngome ya São Jorge da Mina ilijengwa, na hadi leo imesimama.

Dini ya wakati huo haikwenda mbali na kuta za ngome. Makasisi walikuwa zaidi wa kuwahudumia askari na wafanyabiashara, na kwa Mwafrika aliyewatazama kutoka nje haikuwa rahisi kutenganisha msalaba na mizani ya dhahabu, baadaye na minyororo ya watumwa. Kwa hiyo anayesema Ukatoliki una zaidi ya miaka 500 Ghana anahesabu Misa. Anayehesabu Kanisa lenye waumini wenyeji ataanza 1880.

Katikati hapo ilikuwaje?

Mwaka 1637 Waholanzi walipandisha mizinga kwenye kilima kinachoitazama ngome ya Elmina, wakaipiga mpaka Wareno wakasalimu amri. Waholanzi walikuwa Waprotestanti wa Kikalvini, na huo ukawa mwisho wa mapadre. Miaka 243 ikapita bila misioni.

Lakini kuna kitu kilichobaki, na kwangu hiki ndicho kisa kitamu kuliko vyote vya pwani ile. Watu wa Elmina walikuwa na sanamu ya Mtakatifu Antoni iliyoachwa na Wareno. Mapadre walipoondoka, sanamu haikutupwa. Ilitunzwa, ikapewa nyumba yake na walinzi wake, na jina la mtakatifu likageuka kwenye midomo ya watu likawa Ntona. Akaombwa kama mizimu mingine ya mji inavyoombwa. Walinzi wake waliitwa Santonafo, na ndani ya neno hilo bado unaisikia "Santo António". Mtakatifu wa Kireno alikuwa amekwisha kuwa mzee wa mji.

Nani walianza upya mwaka 1880?

Wamisionari wa Shirika la Misioni za Afrika, lililoanzishwa Lyon, Ufaransa, mwaka 1856 na Askofu Melchior de Marion Brésillac. Yeye mwenyewe alifia Freetown mwaka 1859, wiki chache tu baada ya kufika. Pwani ile iliwaua Wazungu upesi, kwa malaria na homa ya manjano.

Aliyewasukuma kuja Gold Coast, kama nchi ilivyoitwa wakati huo, alikuwa mlei. Sir James Marshall alikuwa jaji wa Uingereza mwenye mkono mmoja, aliyewahi kuwa kasisi wa Kianglikana kabla ya kuingia Ukatoliki, na baadaye akawa Jaji Mkuu wa koloni. Roma ilitangaza prefektura ya kitume ya Gold Coast, yaani eneo la misioni ambalo bado si jimbo, mwaka 1879, na tarehe 18 Mei 1880 mapadre Auguste Moreau na Eugène Murat walishuka Elmina. Murat hakuumaliza mwaka huo, alifariki. Moreau akaendelea mpaka alipofariki mwaka 1886.

Mwaka 1883 walifika Masista wa Mama Yetu wa Mitume, na shule ya wasichana ikaanza. Ukiuliza Wafante wa pwani wazee wao waliingiaje Kanisani, mara nyingi jibu linapitia darasani.

Kama lilianzia pwani, mbona kaskazini ndiko kunakosifika kwa Wakatoliki?

Kwa sababu Kanisa liliingia Ghana kwa milango miwili. Asiyelijua hili hataelewa lolote kuhusu Kanisa la huko.

Mlango wa pili ulikuwa wa nchi kavu. Wamisionari wa Afrika, hawa hawa tunaowaita Mapadre Weupe, waliopita Bagamoyo mwaka 1878 kuelekea maziwa makuu, walikuwa pia wameingia Afrika Magharibi kupitia Sudani ya Wafaransa, yaani Mali ya leo. Mwaka 1906 kikundi chao kilitelemka kutoka Ouagadougou kikavuka mpaka wa Waingereza na kupiga kambi Navrongo. Kati yao alikuwepo Padre Oscar Morin, Mkanada. Serikali ya kikoloni iliwatazama kwa jicho la pembeni, na kazi ikaenda polepole.

Kisha ikaja Jirapa, katika nchi ya Wadagaaba, pembe ya kaskazini-magharibi. Novemba 1929 walifika Padre Remigius McCoy, Padre Arthur Paquet na Bruda Basilide. Walianza kwa kutibu vidonda na magonjwa, na watu walikuja kwa ajili ya dawa. Mwaka 1932 mvua zikagoma. Mtama ulikauka shambani, waganga wa mvua walichinja wakachoka. Wazee wa kijiji kimoja wakaenda misioni kumwuliza McCoy kama Mungu wake anaweza kitu. Hakuwaahidi mvua. Aliwaambia wamwombe Mungu wenyewe, wakapiga magoti wakaomba pamoja. Usiku huo mvua ilinyesha kijijini kwao.

Habari zilikimbia kuliko farasi. Kijiji kingine kikaja, na kingine. Siku zilizofuata ua wa misioni ulijaa watu kutoka pande zote za mpaka, hata kutoka upande wa Wafaransa, ambao leo ni Burkina Faso. Waliokuja kuomba mvua walirudi wakitaka kufundishwa, na kwa kipindi kifupi maelfu waliandikishwa. Amini muujiza au sema ni bahati ya majira, tukio lenyewe halina ubishi, na familia nyingi za Kidagaaba huhesabu Ukristo wao kuanzia mwaka huo wa mvua.

La kuzingatia ni kwamba McCoy na wenzake hawakuwabatiza watu kwa mkumbo. Walifuata ukatekumeni, yaani mafunzo ya kabla ya ubatizo, wa miaka minne wa Kadinali Lavigerie, mwanzilishi wa shirika lao, ule ule uliotumika Uganda na Tanganyika. Anayejiandikisha alipewa medali ya kuvaa shingoni, akafundishwa na katekista wa lugha yake, akachunguzwa mwenendo, kisha ndipo maji yakamwagwa. Nadhani hiyo ndiyo sababu imani ile haikukauka pamoja na matope ya 1932.

Ni kweli kanisa kuu la Navrongo limejengwa kwa udongo?

Ndiyo, na ni basilika ndogo, cheo cha heshima kinachotolewa na Roma, tangu 2006. Kanisa la Mama Yetu wa Mateso Saba lina kuta za tope lililokandwa na kukaushwa, kama nyumba za Wakassena na Wanankana wanaolizunguka. Uzuri wake uko ndani. Wanawake wa eneo hilo, ambao kazi ya kunakshi kuta za nyumba ni yao kwa desturi, walizifinyanga kuta za kanisa kwa mikono: ng'ombe, nyoka, vibuyu, michoro ya pembe na mistari, kwa rangi tatu wanazozitoa ardhini na kwenye mawe, yaani nyekundu, nyeusi na nyeupe. Picha za Biblia zimetuna ukutani pamoja na mifugo. Udongo unahitaji kutunzwa, kwani mvua haijali kama ukuta ni wa basilika.

Na mashariki, kwa Waewe?

Huko walifanya kazi Wajerumani wa Shirika la Neno la Mungu, wakitokea Togo iliyokuwa koloni la Ujerumani. Vita Kuu ya Kwanza iliwaondoa. Mwaka 1923 eneo hilo likafanywa vikarieti ya Volta ya Chini, yaani eneo la misioni lenye askofu lakini bado si jimbo, mzizi wa majimbo ya Keta-Akatsi, Ho na Jasikan ya leo.

Kanisa limepangwaje leo?

Kuna majimbo 19 na vikarieti ya kitume moja, katika kanda nne, kila kanda ikiwa na jimbo kuu lake.

Cape Coast ndiyo mama. Ilifanywa jimbo kuu mwaka 1950, na kwa miaka 27 nchi nzima ilikuwa kanda moja chini yake. Sasa imebaki na Sekondi-Takoradi na Wiawso. Tamale ilipandishwa mwaka 1977 na inakwenda na Navrongo-Bolgatanga, Wa, Damongo na Yendi. Accra, pamoja na kwamba ni makao makuu ya nchi, ilisubiri mpaka 1992. Kanda yake ina Ho, Keta-Akatsi, Jasikan, Koforidua na ile vikarieti ya Donkorkrom, inayohudumia watu wa eneo la ziwa Volta wanaofikika kwa shida. Kumasi, mji wa Asante, ikafuata mwaka 2002, ikiwa na Obuasi, Konongo-Mampong, Goaso, Sunyani na Techiman.

Angalia mpangilio huo: kaskazini ilipata jimbo kuu miaka 15 kabla ya mji mkuu. Mvua ya Jirapa bado inaonekana kwenye ramani.

Je, askofu mkuu ni bosi wa maaskofu wa kanda yake?

Hapana. Kila askofu anaongoza jimbo lake na anawajibika kwa Papa moja kwa moja. Askofu mkuu ana heshima ya kwanza katika kanda na majukumu machache ya uangalizi. Mambo ya nchi nzima hujadiliwa katika Baraza la Maaskofu, ambalo sekretarieti yake iko Accra. Baraza lenyewe liko katika umoja wa maaskofu wa Afrika Magharibi, unaochanganya nchi za Kiingereza na za Kifaransa, jambo ambalo AMECEA, umoja wa maaskofu wa upande wetu wa Afrika Mashariki, haikulazimika kuhangaika nalo sana.

Chini ya jimbo kuna nini?

Parokia na vigango vyake, kama kwetu. Parokia ya kijijini inaweza kuwa na vigango vingi kuliko Jumapili za mwezi, kwa hiyo Jumapili nyingi anayesimama mbele ni katekista, anaongoza ibada ya Neno bila Misa.

Mahali Ghana inapotofautiana na sisi ni nguvu ya vyama vyenye sare. Akina mama wa Kikristo wana kitenge chao, karibu sawa na WAWATA, chama cha wanawake Wakatoliki Tanzania. Wanaume na wanawake wenye uwezo utawakuta katika chama cha Mashujaa wa Marshall, kilichoanzishwa Sekondi mwaka 1926 na Waghana wenyewe, kikapewa jina la yule jaji wa mkono mmoja. Wakatoliki wasomi walikuwa wanavutwa na vyama vya siri vya Wazungu ambavyo Kanisa liliwakataza, basi wakaanzisha chao: mavazi rasmi, panga, ngazi za uongozi, na kusaidiana kwenye msiba. Kwenye mazishi ya mwenzao wanapojipanga, hata asiyekuwa Mkatoliki husimama kutazama.

Askofu wa kwanza mweusi alikuwa Mghana?

Swali zuri, na wengi hujibu vibaya. Askofu wa kwanza mweusi kuongoza jimbo huko alikuwa Joseph Bowers wa Shirika la Neno la Mungu, mzaliwa wa kisiwa cha Dominica huko Karibi. Aliwekwa wakfu Mississippi, Marekani, mwaka 1953, nyakati ambazo mweusi wa huko hakukaa benchi moja na mzungu, akaja kuongoza Accra. Alifariki mwaka 2012 akiwa na zaidi ya miaka 100.

Mghana wa kwanza ni John Kodwo Amissah, aliyefanywa askofu msaidizi wa Cape Coast mwaka 1957, mwaka wa uhuru, kisha akawa askofu mkuu mpaka kifo chake mwaka 1991.

Na makadinali?

Watatu hadi sasa. Peter Turkson alipewa kofia mwaka 2003 akiwa Cape Coast, akahamia Roma mwaka 2009, na amepiga kura katika konklave, yaani mikutano ya kumchagua Papa, za 2005, 2013 na 2025. Peter Poreku Dery, padre wa kwanza wa Wadagaaba na askofu wa kwanza wa Wa, alifanywa kadinali mwaka 2006 akiwa mzee wa miaka 87, akafariki 2008. Richard Kuuia Baawobr, naye Mdagaaba, alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa mkuu wa Mapadre Weupe duniani, kuanzia 2010. Shirika lililoleta medali Jirapa likaongozwa na mtoto wa waliozivaa. Alifanywa kadinali Agosti 2022, na Novemba mwaka huo huo akafariki Roma.

Nkrumah alikuwa Mkatoliki?

Alibatizwa na kulelewa hivyo. Kule kwao Nzema padre mmoja Mjerumani alimshika mkono katika masomo. Alifundisha shule za Kikatoliki Elmina na Axim, kisha seminari ya Amisano, na huko aliwaza kwa dhati kuwa Mjesuiti. Badala yake akapanda meli kwenda Marekani mwaka 1935. Baadaye alijiita Mkristo asiye na dhehebu na mfuasi wa Marx kwa pamoja, akaona hapana mgongano.

Shule na hospitali ni za Kanisa au za serikali?

Za wote wawili. Kanisa lina ardhi, jina na usimamizi, serikali inalipa mishahara ya walimu. Hospitali za makanisa ziko chini ya mwavuli wa pamoja wa Wakristo, ulioundwa mwaka 1967, na humo pia mishahara mingi hutoka hazina. Ugomvi haukosekani juu ya nani ateue mwalimu mkuu.

Majina ya kujua: Chuo cha Mtakatifu Augustino cha Cape Coast, kilichoanzia Amisano mwaka 1930, Holy Child ya wasichana, 1946, Opoku Ware ya Kumasi, 1952. Mghana akikutajia alikosoma sekondari, usimkatishe. Ana hadithi ndefu.

Kanisa na serikali wameelewana siku zote?

Hapana. Gazeti la Catholic Standard, lililoanza mwaka 1938, lilifungiwa mwaka 1985 na utawala wa kijeshi wa Jerry Rawlings kwa sababu liliandika ambayo magazeti mengine yaliyaogopa. Lilirudi mwaka 1992. Rawlings mwenyewe alilelewa Mkatoliki, na alipofariki Misa yake ya marehemu ilisomwa katika kanisa kuu la Roho Mtakatifu, Accra.

Wakatoliki ni wangapi?

Sensa ya mwaka 2000 iliwaweka kwenye asilimia 15.1 ya wananchi. Ya 2010, asilimia 13.1. Ya 2021, asilimia 10.0, yaani kama milioni 3 kati ya watu milioni 30.8. Kwa hiyo majimbo yameongezeka tangu miaka ya tisini wakati sehemu ya waumini inapungua, na kati ya sensa mbili za mwisho hata idadi yenyewe ilishuka kidogo.

Wanakwenda wapi? Tazama sensa hiyo ya 2021: Wapentekoste na Wakarismatiki, asilimia 31.6. Kijana wa Accra anavutwa na uponyaji, muziki na mchungaji anayemjua kwa jina. Uamsho wa Kikarismatiki ndani ya Kanisa unawazuia baadhi, si wote. Mtu akikuambia Kanisa la Ghana linakua kwa sababu limepata jimbo jipya, mwulize amehesabu viti au watu.

Papa amewahi kufika?

Yohane Paulo II, Mei 1980, katika sherehe za miaka 100 ya misioni. Alitokea Nairobi tarehe 8, siku moja baada ya Misa ya Uhuru Park. Akiwa Accra alikutana kwa mara ya kwanza na Robert Runcie, Askofu Mkuu wa Canterbury, kiongozi wa Waanglikana.

Nikienda Misa huko nitaona tofauti gani?

Mijini utapata Misa ya Kiingereza, na nyingine za Kitwi, Kifante, Kiewe, Kiga au Kidagaare kulingana na mahali. Kaskazini sikiliza marimba. Ni ala ambayo zamani ilipigwa msibani na kwenye ngoma za jadi, na Dery ni miongoni mwa walioiingiza kwenye liturujia. Kumasi, jaribu kuwepo sikukuu ya Mwili na Damu ya Kristo. Askofu Peter Sarpong, mwanaanthropolojia aliyeongoza jimbo hilo kuanzia 1970, alisema kama Kristo ni mfalme basi Mwasante amwone katika hali ya ufalme anayoijua. Kwa hiyo Ekaristi inabebwa kwa machela kama anavyobebwa mtemi, juu yake mwavuli mkubwa unaochezeshwa, nyuma ngoma za kifalme.

Jambo moja la vitendo: jua ulizaliwa siku gani ya wiki. Parokia nyingi zina sadaka ya pili inayoitwa "Kofi na Ama", majina ya mwanamume wa Ijumaa na mwanamke wa Jumamosi. Kila siku ya wiki huitwa mbele kwa zamu, waliozaliwa Jumatatu wakicheza kuelekea kapu, kisha wa Jumanne, na mwishoni mshindi hutangazwa kwa kiasi alichotoa. Mgeni asiyejua siku yake huishia kupangiwa na jirani, na jirani atakupangia kundi lake lililo nyuma kwa fedha.